Usinawe Uso Mpaka Alhamisi

Wenzangu mnaobaki,

Nimerudisha funguo, nimerudisha koti, na kile kimto cha kiti changu nimemwachia yule mwenye mgongo mbaya kuliko wangu. Siku mlipokuwa mkiniaga kwa soda na keki, mmoja wenu aliniomba niandike habari za kazi ya zamani. Nilitaka kukataa. Mtu aliyetazama macho ya watu maisha yake yote hutamani kufumba yake kidogo. Lakini nyumbani nimegundua kwamba kufumba macho mchana nako kunachosha, basi naandika. Vyeo na mishahara sitavitaja. Vyeo vilichelewa, na mshahara mnaujua wenyewe.

Nilianza kazi Thika miaka ya hamsini, wakati wa Hali ya Hatari, Waingereza walipokuwa wakipambana na Mau Mau. Mimi ni Mkamba wa upande wa Yatta, ng'ambo ya Ngoliba, na nadhani nilipewa kazi kwa sababu hiyo kuliko kwa sababu ya akili. Wakikuyu wengi walikuwa wamechukuliwa kwenda kizuizini, na waliobaki hawakuweza kutoka hapa kwenda pale bila karatasi. Nafasi zikawa nyingi. Nikawa dresa, yaani mfunga vidonda, katika dispensari ndogo ambayo siku hizi haipo. Mahali pake pamejengwa duka la vipuri.

Siku ya kwanza nilifika nimepiga pasi kaptura mpaka inakata. Nilifikiri nitapewa sindano. Mkubwa wa pale alikuwa Bwana Rajabu, Mwislamu wa Majengo, mtu mfupi mwenye sauti kubwa, aliyekuwa mwuguzi wa jeshi huko Burma. Alinikalisha kwenye kiti mbele yake, akaleta uso wake karibu na wangu mpaka nikasikia harufu ya tangawizi, akaniuliza, "Tazama jicho langu. Unaona nini?"

"Naona jicho, Bwana."

"Hata mbuzi angeona jicho. Toka, nenda kachemshe vibano."

Nilichemsha vibano mpaka jioni. Kesho yake akaniuliza tena, na kesho kutwa tena, mpaka nikaelewa anataka nini. Alitaka nianzie nje. Kwanza ngozi, halafu kope, halafu ukingo wa kope, halafu nywele za kope na mashina yake, na baada ya hapo ndipo nilikuwa na ruhusa ya kulitazama jicho lenyewe. "Mgeni hupitia mlangoni," alikuwa akisema. "Wewe unataka kuingilia dirishani kama mwizi." Utaratibu huo sikuuacha hata siku moja, na nyinyi nimewasumbua nao vya kutosha.

Vyombo vyetu vilikuwa vichache. Tulikuwa na vibano vya kushikia nywele, ambavyo vilikuwa vikilegea na Bwana Rajabu akivikaza kwa meno, jambo ambalo msilifanye. Tulikuwa na lenzi ya mkono yenye ufa pembeni. Tulikuwa na darubini ya shaba ya kutazamia vidudu, iliyofungwa kwa kitambaa cha kanzu kuukuu, na haikuguswa na mtu yeyote mpaka amenawa. Na tulikuwa na mrututu, lile jiwe la buluu, limechongwa kama kipande cha chaki.

Huo mrututu lazima niueleze, maana nyinyi hamkuuona. Mtu mwenye trakoma, ule ugonjwa wa kope unaopofusha, ulimpindua kope, ukamsugua kwa ndani na jiwe hilo. Nimeshika watu wazima, wanaume waliobeba magunia ya mkonge, wakilia kama watoto. Ilikuwa ndiyo dawa. Dawa mpya za tyubu zilikuwa zimeanza kuja, lakini zilikuja kama mvua ya Ngoliba, yaani kwa kusikia.

Na watu wenye macho mekundu walikuwa wengi mno. Walikuja wa vumbi la mkonge, wa moshi wa kuni, wa nzi, wa kulia. Ukimaliza foleni ya leo, ya kesho ilikuwa tayari imekaa kwenye nyasi. Uchovu niliostaafu nao haukuanza uzeeni, jamani. Ulianza pale, wiki ya pili au ya tatu, na sikupata likizo iliyoutosha. Kwa sababu ya wingi huo, macho yote mekundu yaliitwa trakoma. Mara tisa katika kumi ilikuwa kweli. Ile mara ya kumi ndiyo ninayotaka kuwaandikia.

Kila Alhamisi tulikwenda Ruiru na sanduku la dawa, kwenye shamba moja la kahawa lenye kiwanda chake. Wanawake walikaa kwenye meza ndefu wakichambua kahawa, mbovu huku, nzuri kule, na kazi hiyo ni ya macho. Mara moja kwa mwezi daktari Mzungu alikuja pale kukagua. Mwenye trakoma isiyopona aliondolewa mezani, na akiondolewa mezani aliondolewa na kwenye laini, vile vyumba vya wafanyakazi, asije akawaambukiza wengine. Karatasi yake ya kukaa Ruiru ilikuwa imefungamanishwa na kazi. Kazi ikiisha, alipakiwa lori kupelekwa kwenye vijiji vya serikali vilivyozungushiwa handaki huko juu milimani.

Mama Gathoni alikuwa mmoja wa wachambuzi hao. Mwanamke mrefu, wa makamo, asiye na maneno mengi. Kope zake zilikuwa zimevimba ukingoni, nyekundu, na macho yanamwasha hasa asubuhi. Alikuwa amesuguliwa mrututu miezi kadhaa na watu waliotutangulia, na badala ya kupona alizidi. Mwezi ule daktari alimpa nafasi ya mwisho. Akamwambia mbele yetu kwamba akija tena na kumkuta hivyo, ataondoka.

Daktari alipokwenda kunawa mikono, mama huyo aliniuliza polepole, "Kijana, hiyo kuondoka ni kuondoka kabisa?"

Nikamwambia ni kabisa.

"Sasa Baba Gathoni akitoka kizuizini atanitafuta wapi? Walimchukua hapa. Ni hapa anajua. Hawezi soma barua, na mimi siwezi andika. Atapiga hodi kwa hii mlango, apate watu wengine." Akajifunga kitambaa chake vizuri. "Huko vijijini watu wanapotea, kijana. Sio kufa. Wanapotea tu."

Nilimpaka dawa na kumwita anayefuata.

Bwana Rajabu hakuridhika. Njiani kurudi Thika alikaa kimya, na yeye kukaa kimya ilikuwa habari. Mwishowe akasema yale macho hayampendezi. Trakoma hukaa chini ya kope ya juu, na huleta vipunje kama chembe za sago. Kwa Mama Gathoni sehemu ya ndani ilikuwa imekwaruzika kwa sababu ya mrututu, huwezi kujua lililotangulia ni lipi, ugonjwa au dawa. Lakini ubaya wake mkubwa ulikuwa ukingoni, kwenye mashina ya nywele. "Mimi nafikiri ni utitiri," akasema.

Nilidhani ananitania, kwa maana utitiri niliojua ni wa kuku. Akanieleza kwamba kuna utitiri wa binadamu, mdogo usioonekana kwa macho, mrefu mrefu mwenye miguu mifupi mbele, unaokaa ndani ya vishimo vya nywele za kope. Watu wazima wengi wanao na hawana habari nao. Ukizidi ndipo kope huvimba. Dalili yake ni ganda jeupe linalozunguka shina la unywele kama ukosi wa shati. Ukiuona ukosi huo, hutafuti tena. Ukitaka kuhakikisha, unaushika unywele kwa kibano, unauzungusha taratibu ili wadudu waamke na kuushikilia, unaung'oa, unauweka kwenye kioo na tone la mafuta, unatazama kwa darubini.

Alhamisi iliyofuata tulitazama. Hapakuwa na ukosi hata mmoja. Nywele zake za kope zilikuwa safi zikimetameta. Tuling'oa chache, tukarudi nazo Thika, hatukuona kitu. Bwana Rajabu alifunga darubini yake kwa kitambaa kama mtu anayemfunika maiti, akasema labda amezeeka.

Lililotufungulia jambo ni punda. Gari la shamba lililotuchukua kutoka stesheni liliharibika, tukakokotwa kwa mkokoteni wa kupelekea maziwa, na punda wake alikuwa na haraka kuliko lile gari, na tukafika kiwandani kabla hatujatazamiwa. Wanawake walikuwa ndio kwanza wanakaa mezani. Nilipita nyuma ya Mama Gathoni, akageuka kunisalimu, na jua la mlangoni likampiga usoni. Kila unywele wa kope yake ulikuwa na ukosi mweupe. Nilisimama nikimkodolea macho mpaka akaona aibu. Akainuka mbio. Aliporudi kwenye foleni yetu uso ulikuwa unang'aa, umesuguliwa kwa maji ya moto na kupakwa mafuta ya mbariki, yaani nyonyo, na ukosi umekwisha.

Hapo nikaelewa. Nani aendaye kwa daktari bila kuoga? Kwa Wakikuyu, kwa Wakamba, kwa kila mtu ninayemjua, hospitali ni kama kanisani. Unatoa nguo iliyokaa chini ya sanduku, unamsugua mtoto mpaka analia, unajipaka mafuta, ndipo unakwenda kusema unaumwa. Mama Gathoni alizidi wote. Kila Alhamisi aliiosha dalili ya ugonjwa wake pamoja na wadudu walio karibu na nje, akatuletea wekundu mtupu, na wekundu mtupu ulikuwa na jina moja tu, trakoma.

Bwana Rajabu alicheka mpaka akakaa chini. Halafu akaacha kucheka, kwa sababu daktari alikuwa anakuja Alhamisi iliyofuata, na mtu ilibidi amwambie yule mama asinawe. Akasema niende mimi. Eti yeye ni mzee na ana heshima yake.

Nilimwendea laini, akiwa anapembua maharagwe mlangoni. Chumba chenyewe kilikuwa kimefagiliwa mpaka udongo unang'aa. Nikazunguka maneno kwanza, hali ya mvua, hali ya mtoto, kisha nikasema.

"Mama Gathoni, kuanzia leo usinawe uso mpaka Alhamisi. Usipake mafuta. Njoo vile utaamka."

Alinitazama. "Nije na matongo kwa macho? Mbele ya Mzungu?"

"Ndiyo."

"Aca," akasema, na akarudia kwa Kiswahili ili nisikosee. "Hapana. Wewe ni wa wapi?"

"Yatta."

"Huko kwenu mama yako anaenda kwa watu bila kunawa?"

Nikamweleza habari za utitiri, za ukosi mweupe, za darubini. Alisikiliza akipembua. Nilipomaliza akaweka ungo chini.

"Baba Gathoni walimchukua akitoka shamba," akasema. "Alikuwa na matope mpaka kwa magoti. Nikaomba askari, mwachie anawe miguu tu. Wakakataa. Akapanda lori hivyo, watu wote wanaona, kama nguruwe. Mimi nikaapa, Ngai Mungu wangu, serikali haitaona tena mtu wa nyumba hii akiwa mchafu. Sasa wewe unaniambia nini?"

Nilikuwa kijana, na nilimwonea huruma. Lakini huruma si dawa. Nikamwambia, "Mama, ukija safi wataona trakoma. Ukija mchafu wataona ukweli. Sina njia nyingine, na kama ningekuwa nayo ningekupa."

"Na wasipoona?"

"Basi utaondoka."

Alichukua ungo wake akaendelea kupembua, nami nikaondoka.

Wiki hiyo sikula vizuri. Bwana Rajabu alisafisha darubini mpaka nikahofia shaba itaisha. Daktari mwenyewe alipopewa habari hakukataa. Alikuwa mtu aliyechoka kama sisi, mwenye wilaya nzima na gari moja, na alisema tu kwamba wadudu hao aliwaona chuoni mara moja, na kwamba tukimwonyesha ataamini.

Alhamisi ikafika, tukaenda Ruiru na darubini. Wachambuzi walipanga foleni, wote wameng'ara. Mwishoni mwa foleni alisimama mtu aliyejifunika leso usoni mpaka kidevuni, na wale wa mbele walikuwa wakigeuka na kucheka chini chini. Mmoja alisema kwa sauti kwamba siku hizi kwa Mama Gathoni maji yamekauka. Nyapara wa kiwanda akamwambia ajifunue kama wengine. Hakujifunua. Alisimama hivyo foleni nzima, wima kama nguzo, mpaka zamu yake.

Alipokaa kwenye kiti aliitoa leso na kufumba macho, asituone tukimwona. Kope zilikuwa zimeshikana, na kwenye kila shina palikuwa na ule ukosi. Daktari alichukua lenzi yetu yenye ufa. Alitazama jicho la kulia, akatazama la kushoto, akarudi la kulia. Bwana Rajabu akashika unywele mmoja kwa kibano, akauzungusha taratibu sana, akauvuta. Mama Gathoni hakutikisika. Tone la mafuta, kioo, darubini. Daktari aliinama, akasogeza skrubu, akakaa ameinama kwa muda ambao mimi niliuona mrefu kuliko mafunzo yangu yote.

"Watatu," akasema kwa Kiswahili chake. "Hapana, iko wanne. Huyu moja natembea."

Kisha akafanya jambo ambalo nimemheshimu kwalo. Alimwita Mama Gathoni atazame mwenyewe. Mama akasogea, akainamisha kichwa, akahangaika kidogo kupata mahali pa kuweka jicho. Mara akaruka nyuma.

"Haiya! Kanatembea!" Akarudi tena, akatazama kwa makini, kama anavyotazama punje ya kahawa. "Ni haka? Haka kadogo hivi ndiko kalitaka kunifukuza?"

Daktari alisema si trakoma, na wadudu hao hawampofushi mtu. Abaki, atibiwe, na mrututu usimguse tena. Akaandika hivyo na kumwambia nyapara hivyo. Kati ya wale waliokuwa wakicheka, wawili walikuwa wakijipapasa kope. Nami nilimgeukia Mama Gathoni kumpa mkono, lakini hakutaka mkono.

"Naomba maji," akasema.

Nilimletea karai. Alinawa palepale mbele ya daktari na nyapara na foleni nzima, taratibu, uso, shingo, mikono, bila haraka yoyote, na hakuna mtu aliyemwambia afanye upesi.

Sasa niwaambie sehemu isiyopendeza, ambayo ndiyo kazi yenyewe. Kumtambua mdudu kulichukua asubuhi moja. Kumtibu kulichukua wiki nyingi. Jioni alikanda kope kwa kitambaa cha maji ya moto, akazisafisha mashinani kwa pamba iliyozungushwa kwenye njiti ya kiberiti, maji yenye sabuni kidogo ya mtoto, kwa upole, si kwa kusugua kama sufuria. Kabla ya kulala tulimpa marhamu ya manjano yenye zebaki, kiasi cha kichwa cha kiberiti, apake ukingoni. Nyinyi hamtumii zebaki, na ni vizuri. Alichemsha leso na foronya zake. Mafuta ya mbariki usoni tulimkataza, na alinung'unika kwamba anaonekana kama mtu aliyefiwa.

Wiki za mwanzo kope ziliwasha zaidi, na nilidhani ataacha. Wengi huacha. Huacha zikiwasha, na wale wasioacha hapo huacha zikipoa, wakidhani wamepona, halafu wanarudi mwaka unaofuata wakisema dawa yenu mbaya. Nimeyarudia maneno "endelea, usiache" mara nyingi kuliko jina langu. Kama kuna kitu kilichonichosha katika kazi hii, si damu wala usaha, ni kurudia maneno hayo kwa mtu anayekuitikia vizuri huku ukijua ataacha. Mama Gathoni hakuacha. Kahawa zilichanua, zikazaa, na kope zake zikawa kope za kawaida tu, ambazo mtu hazitazami mara mbili.

Lori za kwenda vijijini ziliendelea kupakia. Wengine niliowatibu walipakiwa kwa sababu nyingine ambazo sisi hatukuwa na darubini yake. Sitaki mfikiri tulishinda mengi.

Halafu mambo yakaanza kulegea, na watu wakaanza kuachiliwa, wachache wachache. Siku moja nikiwa dispensari Thika, katikati ya foleni, aliingia mwanamume mwembamba aliyevaa koti kubwa kuliko yeye. Hakuwa amekaa kwenye nyasi na wengine, na watu wakalalamika. Nikamwambia apange foleni.

"Mimi si mgonjwa," akasema. "Ni wewe kijana wa Yatta?"

Nikasema ni mimi.

"Mimi ni Baba Gathoni." Alivua kofia, akaishika kwa mikono miwili. Nilimwona anatafuta maneno, na alikuwa mtu ambaye kwa muda mrefu maneno yalikuwa yamemletea hatari. "Sikuja na kitu. Nimekuja kukuambia tu. Jana nilipiga hodi, na ni yeye alifungua."

Nilitaka kumjibu, na machozi yakanitoka mbele ya foleni yote, mimi dresa wa macho. Alinipa mkono, akavaa kofia yake, akatoka kuelekea barabara ya Ruiru.

Nikajifuta kwa mkono wa koti na kumwita anayefuata.